Kuandamana mbele ya saiti yenye vibali vyote: tuliyopitia mtaani kwetu

Siku hizi kuna watu wananitumia meseji wakiuliza nyinyi mlifanyaje, huku kwetu pia kumeanza kujengwa na watu wameshapandwa na hasira wanataka asubuhi waende wakafunge barabara. Nimejibu mmoja mmoja mpaka nimechoka, acha niandike yote pamoja, mazuri na mabaya na pesa zilizotutoka, halafu kila mtu achukue linalomfaa. Mimi si wakili, mimi nashona nguo, cherehani yangu iko barazani, na mtaa wetu uko magharibi ya Mombasa huku ambako magodauni na yadi za makontena zimesogea mpaka zimefika milangoni pa watu.

Kiwanja chenyewe, hapo palipojengwa godauni tulilokuwa tukililalamikia, kilikuwa wazi miaka yote, watoto wanacheza mpira, na wakati wa masika maji yanapita hapo yakielekea mtaroni. Siku moja tukaona mabati yamezungushwa, halafu bango, halafu katapila. Lakini kabla ya mabati kuna kitu kilipita ambacho wengi hawakukitilia maanani. Alikuja kijana mmoja na adabu zake, ana makaratasi, anaingia nyumba kwa nyumba anasema ni maoni tu ya majirani kuhusu mradi. Watu wakajaza wakiwa wamesimama mlangoni, mtu ana mwiko mkononi, pale panapouliza madhara unayoyaona wakaandika hakuna, au wakaandika ajira kwa vijana, wakatia sahihi na nambari ya simu, kwaheri. Ile karatasi ndiyo ilikuja kuwekwa mezani baadaye tukaulizwa, sahihi hii si yako?

Kwa hivyo kama kiwanja cha jirani yako bado ni nyasi, sikiza hapa. Hapa Kenya mradi mkubwa hauanzi bila leseni ya mazingira ya NEMA, ile mamlaka ya serikali ya mazingira, sheria yake ni ya mwaka 1999, na kabla leseni haijatoka majirani lazima waulizwe. Miradi mizito kabisa inatakiwa iwe na mikutano ya wananchi isiyopungua 3, tangazo kwenye gazeti na redio, na muda wa watu kupeleka maoni. Miradi midogo ndo huja na zile fomu za mlangoni. Usijaze umesimama. Mwambie akuachie, usome usiku, uandike kila kitu unachokiogopa, vumbi, maji, malori, kelele, kisha upige picha kabla hujairudisha. Ukiona hujaridhika andika barua yako mwenyewe uipeleke ofisi ya NEMA ya kaunti na upate mhuri kwenye kopi yako. Leseni ikishatoka, anayetaka kukata rufaa kwenye jopo la kitaifa la mazingira ana siku 60. Sisi tulipokuja kujua kuna kitu kinaitwa jopo, wakili akahesabu tarehe akatikisa kichwa.

Watu watakwambia mbona Lamu walishinda. Kweli walishinda. Ule mtambo wa umeme wa makaa ya mawe wa megawati 1,050 uliotakiwa kujengwa Kwasasi, leseni yake ilifutwa tarehe 26 Juni 2019. Waliandamana, ndiyo, na walitiwa msukosuko, lakini kilichoiangusha leseni ni rufaa waliyopeleka joponi mapema, wakaonyesha wananchi hawakushirikishwa inavyotakiwa. Maandamano yalifanya nchi nzima ijue, makaratasi ndiyo yaliyofanya kazi isimame. Nilitamani sana tungelijua hilo kabla ya mabati.

Sasa kwetu sisi kulikuwa na kitu kigumu ambacho watu wengi mtaani hawakutaka kukisikia kabisa: ile kazi ilikuwa halali. Bango la NCA, ile mamlaka ya ujenzi, lipo, kibali cha kaunti kipo, leseni ya NEMA ipo, kiwanja kina hati na tulifanya sachi, yaani tulitafuta rekodi kwenye ofisi ya ardhi, tukaona jina ni la mwenye mradi. Hili nalisisitiza kwa sababu njia yote unayopita baadaye inategemea hapo. Ukikuta ni kiwanja cha umma kimenyakuliwa, hiyo ni vita nyingine. Wale watoto wa shule ya msingi ya Langata Road kule Nairobi, Januari 2015, waliangusha ukuta uliojengwa kwenye uwanja wao wa kuchezea wakarushiwa vitoa machozi, na nchi nzima ikasimama upande wao kwa sababu uwanja ni wa shule. Karura vilevile, ule ni msitu wa umma uliokuwa umegawiwa watu. Wazee wetu walikuwa wanaitaja Karura kila mkutano, ati fanyeni kama Wangari Maathai, yule mtetezi wa mazingira. Nikawa nawaambia wazee wangu, kwa heshima, Wangari mwaka 1989 alipolipinga jumba la ghorofa 60 pale Uhuru Park alianza kwa barua, barua kwa serikali, barua kwa mashirika, barua kwa mabalozi. Na huko Karura, Oktoba 1998 mashine za ujenzi zilichomwa, na Januari 1999 alipoenda kupanda mti alipigwa mpaka akapasuliwa kichwa. Aliilipa ile kazi kwa damu yake mwenyewe, na msitu ni wa watu wote. Sisi tutamwaga damu ya nani kwa godauni lenye hati?

Mwenye godauni naye ni mwananchi. Ibara ya 40 ya Katiba inalinda mali yake kama vile ibara ya 37 inavyonipa mimi haki ya kukusanyika, kuandamana na kupeleka malalamiko, kwa amani na bila silaha. Tangu maandamano ya Juni 2024 vijana wote wanaijua 37 kwa kichwa, na nafurahi sana kuona hivyo, lakini wengi wanaisoma nusu. Kuna na 42, haki ya mazingira safi na salama, na 70 inayokuruhusu kwenda mahakamani kuitetea bila hata kuthibitisha kwamba wewe mwenyewe umeumia. Hizo mbili ndizo zilizokuwa zetu hasa, na hakuna aliyezitaja kwa wiki nyingi, watu wote ni tatu saba, tatu saba.

Maana shida zetu zilikuwa za kweli. Vumbi lilikuwa linatua kwenye vitambaa vya wateja, nikikunja gauni jeupe jioni, mkunjo umeshaandika mstari wa kahawia, na mteja wa harusi hawezi kukuelewa, nikawa nafua kazi ya mtu kabla hajaivaa. Mashine zilinguruma mpaka usiku wa manane siku za zege. Nyumba za mstari wa kwanza kuta zikapata nyufa pale kompakta, ile mashine ya kushindilia udongo, ilipokuwa ikipita. Na lililotuumiza kuliko yote, walifukia mtaro. Mvua ya kwanza ya masika maji yalipokosa njia yakarudi kwa watu, mama mmoja jirani yangu mwenye mtoto mchanga alilala juu ya meza yeye na mtoto wake, godoro linaelea. Asubuhi yake ndo grupu la WhatsApp likawaka moto.

Tulienda getini alfajiri. Akina mama na leso zetu, wazee wachache, vijana wengi. Tukakaa chini mbele ya geti, hakuna lori kuingia wala kutoka. Hakuna aliyeandika barua popote, hakuna aliyepeleka taarifa polisi, kiongozi hajulikani. Nyimbo zilikuwa tamu na kwa saa ya kwanza nilijisikia kwamba kwa mara ya kwanza kuna mtu anatuona.

Ikaja foleni ya malori ya zege. Mimi sikuwa najua kitu kuhusu zege na wengi wetu pia hatukujua, dereva akashuka akatueleza anatetemeka: zege likishachanganywa halingoji mtu, lina kama saa moja na nusu hivi, likipita hapo linaanza kushika, likishika ndani ya lile pipa ni hasara ya mzigo na ya pipa lenyewe na yeye ndo ataulizwa. Lile pipa linazunguka, linazunguka, sisi tunaimba. Pembeni wamesimama vibarua na makarai yao kichwani, hawaruhusiwi kuingia. Mmoja ni kijana wa hapahapa mtaani, nilimshonea yunifomu akiwa darasa la tatu, akanisogelea akaniambia polepole, "Shikamoo mama. Mimi nalipwa kwa siku. Mkifunga leo leo sipati, na hili godauni litajengwa tu." Sikuwa na la kumjibu. Nilisema marahaba nikanyamaza.

Halafu jiwe likarushwa kwenye mabati. Sijui ni nani mpaka leo. Moja, mengine, polisi wakaja, vitoa machozi, watu wakakimbilia vichochoroni, watoto waliokuwa wakienda madrasa wakavuta ule moshi. Vijana wetu kadhaa walikamatwa, wakashtakiwa kusababisha fujo na kuharibu mali. Mmoja wao nina hakika hakugusa jiwe kwa sababu alikuwa amembeba bibi yake kumtoa pale.

Hapa niseme la pesa maana watu hawalisemi. Dhamana ya kila kijana ililipwa taslimu, na hela zilitoka kwenye chama cha akina mama, ile tuliyokuwa tunaweka ya karo za Januari. Iliisha yote na hatukuweza kuwatoa wote siku hiyohiyo. Nauli za kwenda kortini kila kesi inapotajwa, kopi, chakula cha kupeleka kituoni, siku za kazi zilizopotea. Kama mtaa wenu unafikiria kuandamana wekeni kwanza mfuko, mteue mtu mmoja mwaminifu wa kuushika, risiti zote zikae kwenye bahasha moja, na mjue mapema wakili gani atapokea simu usiku. Na mfundishane haki za aliyekamatwa: anaambiwa kosa lake, anaweza kunyamaza, anaweza kuwasiliana na wakili, na anafikishwa kortini kabla ya saa 24 kupita, ikiangukia wikendi basi siku ya korti inayofuata. Ni ibara ya 49. Kijana akijua hivyo haandikishi kauli ya woga usiku wa manane.

Baada ya hapo kampuni ikaenda kortini ikapata amri ya zuio. Ikabandikwa ukutani pa duka, karatasi kadhaa za Kiingereza kigumu, na maneno yakasambaa mtaa mzima kwamba sasa tumekatazwa kuandamana, atakayeonekana barabarani anafungwa. Watu wakaogopa sana, wakanyamaza, na kule saitini wakaongeza kasi mpaka Jumapili.

Kwa bahati tulipata wakili kijana wa shirika moja la haki za binadamu, akaja akakaa barazani kwangu akaisoma ile amri mstari kwa mstari. Imekataza kuziba geti. Imekataza kuingia ndani ya saiti. Imekataza kuwatisha wafanyakazi na kuharibu mali. Basi. Hakuna mahali imesema msisimame ng'ambo ya barabara na mabango yenu. Korti ilikuwa imetenganisha kuandamana na kuzuia kazi, na akatueleza kwamba hivyo ndivyo mahakama nyingi zinavyolitazama jambo hili, kazi yenye vibali inaendelea, na watu wana haki ya kusema hawaitaki au hawataki inavyofanywa, mradi hawamzuii mwenzao kwa nguvu. Ukivunja amri ya korti hiyo ni dharau ya mahakama, unaweza kufungwa hata kama ulikuwa na haki ya kulalamika. Kwa hivyo mkiletewa amri msisikilize ya kuambiwa, tafuteni mtu aisome yote, hasa ile sehemu inayoanza kuorodhesha mnakatazwa nini.

Yule wakili akatuuliza swali moja ambalo lilibadilisha mwendo wetu wote: mnayo leseni yenyewe? Tukasema si tumeliona bango. Akasema bango halitoshi, leseni ina masharti nyuma, iombeni. Tukaandika barua ya kuomba kopi, ibara ya 35 inatupa haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, ikachukua muda lakini tukaipata. Na ukiipata usome masharti yote, mpaka lile la mradi uanze ndani ya muda fulani, maana miradi mingine huanza leseni ikiwa imeshapitwa na muda.

Yetu tuliisoma kwa sauti barazani, wakili anatafsiri, watu wamejaa mpaka njiani. Saa za kazi zimeandikwa. Kumwagia maji vumbi kumeandikwa. Njia za maji ya mvua zisizibwe, imeandikwa! Mama wa godoro alishika kichwa. Kelele zifuate kanuni za mwaka 2009, ambazo kwa ujenzi karibu na makazi zinaweka desibeli 60 mchana na 35 usiku, na desibeli 35 ni kama watu wanaonong'ona, sasa kompakta usiku inanong'ona vipi? Yaani kila kitu tulichokuwa tukikililia kilikuwa tayari kimekubaliwa kwa maandishi na mwenye mradi mwenyewe kabla hajachimba shimo la kwanza. Kazi ni halali ikifuata masharti yake. Isipoyafuata, wewe unayelalamika ndo unasimama upande wa sheria.

Tukaanza daftari. Nilitoa daftari langu la vipimo vya wateja, kurasa za nyuma, kila kitu kinaingia: tarehe, saa, lori lenye namba gani lilipita saa ya watoto kutoka shule, mashine ilizimwa saa ngapi, picha imepigwa na nani kwa simu ipi. Nyumba za mstari wa kwanza walipiga picha za nyufa wakiweka rula pembeni na kuandika tarehe kwa penseli mwisho wa ufa, ufa ukirefuka unaona. Hili lilikuwa wazo la fundi mwashi mmoja mzee na ndilo lililokuja kutusaidia sana kwa sababu injinia alikuwa amesema nyufa ni za zamani.

Na tukaandamana tena, kwa maana bila watu kuonekana daftari lingebaki daftari. Safari hii tuliipanga. Sheria ya Utulivu wa Umma, Sura ya 56, kifungu cha 5, inasema mwandalizi apeleke taarifa kwa maandishi kwa mkuu wa kituo cha polisi, si chini ya siku 3 na si zaidi ya siku 14 kabla, na maandamano yawe kati ya saa 12 asubuhi na saa 12 jioni. Unaandika majina kamili na anwani za waandalizi, tarehe na saa, na njia mtakayopita. Mtu wa kwanza tuliyemkuta mezani akatuambia maandamano yanahitaji ruhusa. Hatukubishana kwa sauti. Tulimwambia afande sisi tunaleta taarifa kama sheria inavyotaka, tunaomba tu mhuri, tukangoja kwenye benchi mpaka OCS, mkuu wa kituo mwenyewe, akatoka, akasoma, akapiga mhuri. Nendeni na kopi mbili, nendeni na mtu mzima anayeheshimika, na wakikataa kupiga mhuri andika jina na namba ya afande, saa, na uitume ileile barua kwa posta ya rejista siku hiyohiyo. Polisi wanaweza kukwambia haiwezekani kama kuna wengine walioleta taarifa ya mahali hapo siku hiyo, basi unabadilisha tarehe.

Nilifanya na jambo moja ambalo vijana walinilaumu, nilienda kuzungumza na injinia wa saiti. Nilimkuta kwenye kontena lao la ofisi, nikamwambia mwanangu sisi tunakuja kuandamana Alhamisi, hatuzibi geti, niambie zege lenu linakuja saa ngapi. Alinitazama muda mrefu. Akasema zege ni asubuhi mapema, ikifika saa saba malori yameshatoka. Tukaweka maandamano saa nane mchana. Vijana walisema tunamfanyia kazi adui, mimi nikawaambia yule dereva na yule kibarua si adui zetu, na zege likiharibika tena korti haitatusikiliza tena.

Wasimamizi wetu walivaa reflekta za bodaboda, mmoja kila hatua chache. Kila bango lilisomwa kabla halijatoka barazani. Moja lilimwita mwenye godauni mwizi, tukaliondoa, kwanza si mwizi, pili ukimwita mtu mwizi hadharani anakushtaki na atashinda. Yaliyobaki yalisema mambo yanayoonekana: FUKUENI MTARO WETU. USIKU WATOTO WANALALA. FUATENI LESENI YENU. Hakuna mawe mfukoni, hakuna pombe, hakuna mtoto wa shule. Yeyote atakayeanza fujo wenzake wanakaa chini papo hapo ili aonekane yuko peke yake, hilo tulilifanyia mazoezi kabisa, watu wazima wanakaa chini uwanjani wakicheka.

Tuliposimama ng'ambo ya geti, lori moja la mchanga likatokea ambalo halikuwa kwenye hesabu. Watu wakageuka kunitazama. Msimamizi akainua mkono, nyimbo zikakatika, watu wakasogea kando, lori likaingia, geti likafungwa, nyimbo zikaanza tena. Afande aliyekuwa kwenye gari lao alishuka akaja kusimama nasi kivulini akaniomba maji. Vibarua walitoka kutazama, wengine wakaanza kuimba wimbo uleule kutoka ndani ya mabati, kwa sababu na wao nyumba zao zilikuwa zimeingia maji.

Kutoka hapo tulienda mpaka kwa chifu tukamkabidhi barua yetu, kopi NEMA, kopi kaunti, kopi kwa MCA, mwakilishi wetu wa wadi, na kila kopi ikaambatanishwa na kurasa za daftari na masharti ya leseni, tumepiga mstari yale yaliyovunjwa. Barua haikuomba mradi usimamishwe. Hili lilileta ugomvi mkubwa kikundini na sitaki kulifunika, kuna majirani mpaka leo hawanisemeshi, wanasema tuliuza mtaa, kwamba tungedai godauni liondoke kabisa. Naelewa uchungu wao. Lakini tungeomba kusimamisha, siku 60 zimepita, vibali vipo, tungejibiwa kwa mstari mmoja. Njia ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi ilikuwepo, wakili alituambia wazi, na akatuambia gharama zake na miaka yake, na kwamba tukishindwa tunaweza kuamriwa tulipe gharama za mwenzetu. Na kufungua kesi peke yake hakusimamishi katapila, inabidi uombe amri ya kusimamisha na umshawishi jaji. Mtaa ukapiga kura kwa mikono, wengi wakasema tudai masharti.

Wakaguzi walikuja. Walitembea mtaroni na viatu vyao vizuri, wakapiga picha, wakauliza maswali, wakaandika amri ya kurekebisha. Baadaye kikao kikafanyika kwa chifu, kampuni, sisi, kaunti, na hapo ndo zile fomu za mlangoni zikaletwa, majirani wenye sahihi zao wakanyamaza kwa aibu. Kilichotuokoa ni kwamba hatukuwa tunabishana kama mradi ulikubaliwa, tulikuwa tunasema ulikubaliwa kwa masharti haya. Andikeni makubaliano palepale kikaoni, msingoje kutumiwa. Sisi tulikataa kutoka mpaka miniti zimesomwa na kila upande umetia sahihi, na kila kipengele kina tarehe na jina la wa kuulizwa, maana nimeona ahadi nyingi za mdomo zikienda na vumbi.

Tulipata nini basi. Mtaro umechimbwa upya na kujengwa kwa mawe, mvua zilizofuata maji yalipita. Kazi za usiku zilisimama, zege la lazima wanatuma taarifa mapema. Malori hayapiti saa za watoto kwenda na kutoka shule. Bauza la maji linamwagia barabara, siku nyingine linasahau, tunapiga simu. Nyufa, nyumba zenye picha za penseli zilirekebishwa, zisizokuwa na picha zinabishaniwa bado. Vijana wa mtaa walichukuliwa vibarua, si wengi kama walivyoahidi. Godauni limesimama, refu, linaziba upepo wa kusi uliokuwa ukiingia barazani kwangu, na hilo hakuna miniti itakayolirudisha.

Kesi za vijana ziliondolewa isipokuwa mbili. Yule aliyembeba bibi yake bado anaenda kortini, amekosa kazi bandarini kwa sababu ya karatasi ya mwenendo mwema, na kila kesi ikitajwa kuna mmoja wetu anaenda kukaa naye. Wanaotaka kuchangia nauli yake waniandikie.

Na wiki iliyopita nimemwona tena kijana mwenye fomu, mradi una awamu ya pili, wanataka kuongeza yadi ya makontena kwa upande wa shule. Safari hii watu walimkaribisha kiti, wakamwambia atuachie fomu zote, tutazileta wenyewe. Tunakutana Ijumaa baada ya Magharibi barazani kwangu kuzijaza, walio mtaani kwetu njooni na picha zenu na mje na kalamu.